Barua ya wazi kwa Msajili wa Mahakama: muda wa kuomba hukumu itenguliwe uanze siku mtu anapoijua

Mheshimiwa Msajili,

Ninakuandikia kuhusu hukumu za madai zinazotolewa wakati upande mmoja haupo mahakamani, na hasa kuhusu siku chache anazopewa mtu huyo kuomba hukumu itenguliwe. Nimekuandikia wewe badala ya majaji kwa sababu viapo vya wapeleka wito na maombi ya kukaza hukumu, yaani kuitekeleza kwa nguvu ya mahakama, hupita kwanza katika masjala yako, na ninaamini kwamba sehemu kubwa ya madhara nitakayoyaeleza yanaweza kuzuiwa hapo hapo.

Nimewahi kuwa mdaiwa wa aina hiyo. Wito ulibandikwa kwenye mlango wa nyumba niliyokuwa nimehama miezi saba kabla, hati ya kiapo ikasema kwamba nilikutwa nikakataa kutia sahihi, shauri likasikilizwa mdai akiwa peke yake, nami nikapata habari siku dalali wa mahakama alipokuja kuorodhesha vyombo. Kufikia siku hiyo muda wa kuomba hukumu itenguliwe ulikuwa umekwisha. Ilinibidi niombe kwanza kuongezewa muda na nieleze sababu ya kila siku niliyochelewa, zikiwamo siku ambazo sikujua hata kama nina kesi, ndipo niruhusiwe kuwasilisha ombi lenyewe. Sehemu kubwa ya deni lile nilikuwa nimekwisha kuilipa na stakabadhi nilikuwa nazo. Nilichokitaka ni nafasi ya kuzionyesha.

Sipingi kuwapo kwa hukumu ya upande mmoja. Mdai aliyefuata taratibu zote hapaswi kukwama kwa sababu mwenzake amejificha, na mahakama isiyoweza kuamua mpaka mdaiwa apende kufika haiwezi kumsaidia mtu yeyote. Shauri la Shah dhidi ya Mbogo, lililoamuliwa Kenya mwaka 1967, liliweka mpaka unaoeleweka: mamlaka ya kutengua hukumu yapo ili kumwepusha mtu na dhuluma inayotokana na ajali, kupitiwa au kosa linalosameheka, wala hayakukusudiwa kumsaidia aliyedhamiria kukwepa au kuchelewesha haki. Mpaka huo ninaukubali kwa moyo wote. Lakini kujua mtu yuko upande gani wa mpaka huo kunategemea swali moja ambalo mara nyingi hujibiwa kwa haraka mno, nalo ni kama wito ulimfikia kweli.

Jibu la swali hilo hutoka katika karatasi moja tu, yaani kiapo cha mpeleka wito. Sheria ya mwenendo wa mashauri ya madai ya India ya mwaka 1908, ambayo ni chimbuko la kanuni za nchi kadhaa, inamtaka aandike saa na namna alivyofikisha wito, pamoja na jina na anwani ya mtu aliyemtambulisha mdaiwa na kushuhudia, ikiwa yupo. Maelezo hayo ndiyo yanayoweza kupimwa. Kiapo kinachosema tu kwamba "alikutwa nyumbani akakataa kusaini" hakiwezi kupimwa na mtu yeyote, si hakimu, si mdaiwa atakayekuja baadaye akibisha. Ninaomba masjala yako irudishe kiapo cha namna hiyo kabla shauri halijapangiwa kusikilizwa upande mmoja, na pale wito unapobandikwa mlangoni, kiapo kieleze ni nini kilichomfanya mpelekaji aamini kwamba mdaiwa bado anakaa hapo.

Umuhimu wa jambo hili unazidi wajibu wa kujaza fomu vizuri. Kuna hukumu iliyotolewa kwa kukiuka utaratibu, ambayo mdaiwa ana haki ya kuiona ikiondolewa, kama Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilivyosema mwaka 1888 katika Anlaby dhidi ya Praetorius, ambako hukumu iliingizwa kabla ya wakati wake. Na kuna hukumu iliyofuata utaratibu, ambayo kuiondoa ni hiari ya mahakama. Katika hiyo, tangu kesi ya Uingereza ya Evans dhidi ya Bartlam ya mwaka 1937, swali kubwa ni kama mdaiwa ana utetezi wenye uzito wa kusikilizwa. Mtu ambaye hakupata wito kabisa yuko katika kundi la kwanza. Kiapo dhaifu kikipokelewa bila kuhojiwa, humsukumia katika kundi la pili, akaanza kuomba hisani mahali alipokuwa na haki.

Kuhusu muda, najua huna uwezo wa kubadili sheria ya ukomo, ile inayopanga muda wa kuleta mashauri na maombi. Unaweza, hata hivyo, kupendekeza, na mfano upo. Sheria ya ukomo ya India ya mwaka 1963, katika kifungu cha 123 cha jedwali lake, inatoa siku 30 tangu tarehe ya hukumu, lakini pale ambapo wito haukufikishwa ipasavyo, siku hizo huanza mwombaji anapopata kujua kuhusu hukumu. Kanuni za Kenya za mwenendo wa mashauri ya madai za mwaka 2010 zinaongeza kinga nyingine: hukumu iliyotokana na mdaiwa kutofika au kutoleta utetezi haikazwi mpaka apewe taarifa ya hukumu hiyo si chini ya siku 10 kabla. Siku kumi hazimwumizi mdai aliyekwisha kungoja miezi, ilhali zinamtosha mdaiwa kutafuta msaada na kuomba utekelezaji usimame. Kinga hii ya pili ndiyo ninayoisihi zaidi, kwa maana vyombo vikishapigwa mnada, hata hukumu ikitenguliwa, aliyevinunua amekwisha kwenda navyo.

Wapo watakaosema kwamba wadaiwa watatumia nafasi hiyo kuchelewesha malipo. Baadhi watajaribu, na mahakama ina dawa yao: humwamuru mwombaji alipe gharama zilizopotea, au aweke mahakamani sehemu ya fedha zinazodaiwa kabla ya kusikilizwa upya. Masharti hayo ni halali, ilimradi yasiwekwe kwa mtu ambaye kosa lake pekee ni kutofikiwa na wito.

Ninaomba jibu lako kwa maandishi kuhusu mambo mawili: kama masjala itaanza kurudisha viapo visivyojitosheleza, na kama taarifa ya hukumu itatangulia maombi ya kukaza hukumu katika mashauri yote yaliyoamuliwa upande mmoja. Nakala za jalada langu, pamoja na kile kiapo, nitazileta siku utakayoniita.

Wako mtiifu,

Aliyekuwa mdaiwa