Lami si dawa ya dohani inayovuja

Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua nieleze jambo linalotugusa tunaoishi Nyanda za Juu Kusini, ambako baridi ya Juni na Julai hufanya sehemu ya kuotea moto sebuleni kuwa hitaji wala si fahari. Mvua zetu huanza Novemba, na kabla ya hapo mafundi hupanda mapaani na ndoo za lami kupaka dohani (minara ya matofali ya kutolea moshi) zilizovuja msimu uliopita. Kazi hiyo haidumu.

Maji mengi hayapenyi katika uso wa matofali, bali huingia pale dohani inapotokeza kwenye paa. Bati hutanuka kwa jua la mchana na kusinyaa usiku, ilhali ukuta wa matofali haujongei kwa kiasi hicho. Kwa hiyo lami au saruji iliyobandikwa kati yao hupasuka hata ikipakwa kwa unene wa kidole. Fundi makini huchonga mshono wa matofali, huingiza humo ukingo wa bati bapa lililokunjwa, kisha huliacha lining'inie juu ya bati jingine linalotoka kwenye paa, ili mabati hayo yateleze moja juu ya jingine bila kuacha mwanya. Upande wa dohani unaoelekea kileleni mwa paa, ambako maji yanayoteremka huja kugonga, unahitaji bati lililoinuliwa katikati liyagawe kushoto na kulia. Hapo ndipo kazi nyingi huharibika, pengine kwa sababu mwenye nyumba aliye chini hapaoni.

Kichwa cha dohani nacho kifunikwe kwa zege lenye mteremko, lililozidi ukuta kwa sentimita 5 hivi na lenye mfereji mwembamba chini ya ukingo wake, ili maji yadondoke badala ya kutambaa ukutani. Tundu la moshi liwekewe kifuniko cha bati chenye miguu. Baada ya hayo, kama matofali bado yananyonya maji, yapakwe dawa ya kuzuia maji inayoruhusu mvuke kutoka. Lami na rangi ya mafuta hufungia unyevu ndani, nao ukikutana na masizi hula mishono ya matofali polepole.

Wapo pia wanaochoshwa na uvujaji wakaziba tundu lote kwa zege, kisha wakaingiza jiko la mkaa sebuleni na kufunga madirisha. Hilo ni hatari kuliko paa lolote linalovuja, kwa kuwa mkaa unaowaka hutoa kaboni monoksidi, gesi isiyo na rangi wala harufu, inayoweza kuua watu wakiwa usingizini.

Ningeomba wakaguzi wa ujenzi wa halmashauri zetu wapande ngazi kuyakagua maungio hayo, na vyuo vya ufundi stadi viwafundishe waashi na mafundi bati kazi hii kwa pamoja, maana kwa sasa kila mmoja humwachia mwenzake.

Msomaji wako,
Njombe