Bernard Shaw hakuwa Mwingereza

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya Jumapili iliyopita iliwataka vijana wa mikoani wasafishe lafudhi kabla ya kuomba kazi redioni au kwenye filamu. Mwandishi akatupa mfano wa yule muuza maua wa London anayefundishwa na profesa hadi anaongea kama binti wa ikulu. Akasema hiyo ni tamthilia ya Mwingereza maarufu, Bernard Shaw. Mhariri, Shaw alikuwa Mwayalandi, na ukishalijua hilo, mfano mzima unamgeukia aliyeutoa.

Alizaliwa Dublin mwaka 1856. Aliingia London 1876 na miaka yake kumi na tisa, akala kwa jasho la mama yake aliyekuwa akifundisha muziki, huku mwenyewe akishinda kwenye chumba cha kusomea cha British Museum. Aliandika riwaya tano, wachapishaji wakawa wanamrudishia. Angekuwa kijana wa hapa Mwanga, Kigoma, tungeshamwita mzigo. Tamthilia yake ya kwanza ilipanda jukwaani 1892, ana miaka 36.

Hiyo ya muuza maua, Pygmalion, ilioneshwa kwanza Vienna kwa Kijerumani mwaka 1913, na London mwaka uliofuata. (Mwaka huohuo wa 1913 Wajerumani walikuwa wakiiunda meli ambayo sisi Kigoma tunaiita Liemba. Haihusiani na hoja, nimeipenda tu.) Katika dibaji yake Shaw anasema Mwingereza hawezi kufungua kinywa bila Mwingereza mwenzake kumchukia au kumdharau. Maneno hayo ni ya mgeni aliyekaa kando akasikia wenye nyumba wanavyodharauliana.

Mimi ni Muha wa Kasulu. Nimefundisha Kiswahili sekondari miaka thelathini na moja, sasa nimestaafu, nauza dagaa Kibirizi pamoja na mdogo wangu. Mwaka 1997, likizo ya Desemba, nilikwenda Dar es Salaam kujaribiwa usomaji wa taarifa kwenye kituo kimoja cha redio. Nikapewa karatasi. Mstari wa tatu ulikuwa na neno "walilalamika". Lihesabu, Mhariri: L tatu zimepangana kama mtego kwa sisi tunaozitamka R. Kijana aliyekuwa nyuma ya kioo akainua mkono, akaniuliza, "Dada, kurararamika ndiyo kufanyaje?" Wakacheka wote, na mlinzi wa mlangoni naye. Sarufi ya taarifa ile ilikuwa na makosa mawili ambayo nilikuwa nimeyasahihisha papo hapo nikisoma. Hakuna aliyeyasikia.

Sasa huyo Shaw mnayemtumia kama fimbo, yeye lafudhi yake hakuisafisha. Alifariki 1950 akiwa na miaka 94 na Dublin yake mdomoni. Ipo santuri yake ya 1927, mwanafunzi wangu wa zamani alinisikilizisha kwenye simu. Humo anasema Kiingereza kimoja kilicho sahihi kabisa hakipo, na hakuna watu wawili wanaokitamka sawasawa. Mtu wa maneno hayo ndiye aliyekuja kuwa mwenyekiti wa kamati ya kuwashauri watangazaji wa BBC juu ya matamshi, miaka ya 1930. Mie nilitolewa na mlinzi.

Miaka sita iliyopita wanafunzi wangu waliigiza kisa hicho kwa Kiswahili, pale Ujiji, tukamgeuza muuza maua kuwa muuza dagaa. Binti aliyecheza alikulia mwaloni. Alipanda jukwaani na kisado, akachota dagaa, akawasugua kwa vidole kusikiliza kama wamekauka, halafu akatamka bei kwa R zake zote. Ukumbi ukalipuka. Huwezi kumfundisha hivyo mtoto aliyekwisha kusafishwa.

Mwishoni watu wakapiga kelele tumwozeshe kwa profesa. Shaw naye walimfanyia hivyohivyo. Katika onesho la London la 1914 mwigizaji wa profesa alimtupia msichana maua kabla pazia halijafungwa, ili watu waende nyumbani wakiwaza harusi. Shaw alikasirika, na mwaka 1916 akaandika maelezo marefu kwamba binti anaolewa na mwingine na kufungua duka lake la maua. Ilipotengenezwa filamu mwaka 1938 aliandika muswada yeye, na bado mwisho wake binti anamrudia profesa, naye anauliza ndara zake ziko wapi. Muswada huo ulimpatia Oscar mwaka 1939, akigawana na wenzake watatu. Nobel ya Fasihi alikuwa nayo tangu ile ya 1925, na kabla yake hakuna aliyewahi kuwa na zote mbili. Na mzee wa tuzo zote hizo alibadilishiwa mwisho! Sisi wa Ujiji hatukubadilisha. Binti alichukua kisado chake akashuka jukwaani, akapita katikati ya watu hadi nje.

Naomba mchapishe sahihisho kuhusu nchi yake. Na mwandishi wenu akipata nauli, aje Kibirizi alfajiri, boti za dagaa zinapoingia. Atawakuta watu wanararamika juu ya bei, na ataelewa kila neno.

Mwalimu mstaafu wa Kiswahili,
Kibirizi, Kigoma