Kugawanya kwa sehemu: kazi iko kwenye kusoma swali

Mpendwa Rehema,

Salamu nyingi kwako na kwa watoto. Unasema wanafunzi wako wa darasa la sita wanagawanya sehemu vizuri ubaoni, ila ukiwapa maswali ya mafumbo wanapotea. Basi kanuni ya kupindua (kugeuza sehemu ya pili juu chini, kisha kuzidisha) wanaijua. Wanachokosa ni kusoma swali, na zaidi ya hapo, kulisoma jibu.

Chukua hili: kitambaa ni mita 5, foronya moja inakula robo tatu ya mita. Zitatoka foronya ngapi? Kabla hujamruhusu mtu kupindua chochote, chora mstari, weka alama za mita 5, kisha kila mita uikate robo 4. Zinapatikana robo 20. Foronya moja inataka robo 3, kwa hiyo ni 20 gawanya kwa 3. Hapo mtoto anaona mwenyewe kanuni ilikotoka: tumezidisha kwa 4, tukagawanya kwa 3, yaani 5 × 4/3.

Jibu ni 20/3, sawa na 6 na 2/3. Hapa wengi huanguka hata kama hesabu yao ni safi. Wanaandika "foronya 6, imebaki mita 2/3". Si kweli. Foronya 6 zimekula mita 4½, kwa hiyo kimebaki kitambaa cha nusu mita. Ile 2/3 ni ya foronya, si ya mita: zimebaki robo 2, nazo ni theluthi mbili ya zile robo 3 zinazotakiwa. Wazoeze kuandika kipimo pembeni ya kila namba, hata kwenye jibu: "foronya 6 na 2/3 ya foronya". Wakiulizwa kilichobaki, wazidishe 2/3 kwa 3/4, wapate 1/2 ya mita.

Namba hizohizo zihamishie kwenye juisi. Lita 5, kila chupa inachukua robo tatu lita. Zinahitajika chupa ngapi ili juisi yote iingie? Sasa jibu ni 7, maana ile nusu lita ya mwisho nayo inataka chupa yake. Mpe mtoto maswali haya mawili pamoja, siku moja.

Mtego mwingine umo kwenye neno dogo "ya". Watoto wamekaririshwa kwamba "ya" maana yake zidisha. Halafu wanakutana na hili: lita 6 za mafuta zimejaza 2/3 ya dumu, dumu zima linachukua lita ngapi? Wanazidisha, wanapata 4. Dumu zima lichukue kidogo kuliko sehemu yake? Waambie watazame kinachofuata baada ya "ya". Kama kiasi chake kinajulikana (2/3 ya lita 6), zidisha. Kama ndicho kinachotafutwa (2/3 ya dumu), gawanya: 6 ÷ 2/3 = 9. Anayesitasita na aiondoe sehemu kwanza, aweke namba nzima: lita 6 zimejaza madumu 2, dumu moja lina ngapi? Atagawanya bila kufikiri, kisha airudishe 2/3 mahali pake.

Kwenye namba mchanganyiko makosa ni yaleyale siku zote. Kilo 7½ za sukari kwenye mifuko ya kilo 1¼: mtoto anagawanya 7 kwa 1, halafu nusu kwa robo, anapata 7 na 2, anasema 9. Ageuze zote kwanza: 15/2 ÷ 5/4 = 15/2 × 4/5 = mifuko 6. Akipindua ya kwanza badala ya ya pili atapata 1/6, na hapo kumuuliza "sukari yote hii haijazi hata mfuko mmoja?" kunatosha.

Anza na lile la foronya, na usiwatajie kama ni kuzidisha au kugawanya. Kisha niandikie ni wangapi wamesema imebaki mita 2/3.

Rafiki yako,
Salma