Mwanangu, kuhusu bustani yako ya vicheko

Mwanangu mpendwa,

Nimeutazama mchoro wako wa bustani inayoitikia vicheko, nikasoma na maelezo uliyoyaandika pembeni, na swali lako la mwisho halijanitoka kichwani: mmea usio na masikio utajuaje kwamba kilichosikika ni kicheko wala si mlango uliobamizwa? Bustani ya kuwazia nayo inastahili kuwa na taratibu zake, kwa hiyo nakujibu kwa kirefu.

Sauti ni mtikisiko, na mmea hauhitaji masikio ili utikisike. Mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Missouri, Marekani, waliutikisa mmea mdogo wa jamii ya haradali kwa mitikisiko waliyoinasa kiwavi alipokuwa akitafuna jani. Viwavi walipowekwa juu yake baadaye, mmea huo ulitengeneza kemikali nyingi zaidi za kujikinga kuliko mimea iliyoachwa kimya. Mtikisiko wa upepo na wa mdudu mwingine haukuushtua hivyo. Mwaka 2019 watafiti wa Chuo Kikuu cha Tel Aviv, Israeli, waliyavumishia maua ya njano ya mmea mmoja wa fukweni sauti ya nyuki, na katika dakika tatu nekta yake ikazidi utamu. Ikiwa mimea ya kweli inaweza kumbagua kiwavi na upepo, sioni kwa nini mimea yako ya kuwaziwa ishindwe kubagua kicheko na mlango.

Sasa tuje kwenye mgunda wa nyanya, ambao ndio nilioupenda kuliko yote. Ua la mnyanya huficha chavua yake ndani ya koni nyembamba ya njano yenye tundu dogo nchani, na wako nyuki wanene wenye manyoya wanaojua kuitoa: nyuki hulikumbatia ua, huing'ata koni kwa mataya yake, kisha huitetemesha misuli ya mabawa mara mamia kwa sekunde bila kuruka, na chavua humwagika tumboni mwake kama chumvi kutoka kwenye kikopo chenye matundu. Nyuki wa asali hawana ufundi huo. Sauti ya mtoto anayecheka nayo hutetema mara mamia kwa sekunde, ila hewa huifikisha ikiwa dhaifu mno kuweza kukung'uta chavua. Hapo ndipo uchawi wako unapohitajika, na nakushauri usiutumie mwingi: acha mtoto ainame karibu na ua na kucheka, chavua imwagike, mengine yaende kwa mwendo wake wa kawaida.

Nasema hivyo kwa sababu umeandika kwamba mtu akiangua kicheko, embe bichi huiva papo hapo. Hilo silikubali. Sukari iliyomo ndani ya embe imetengenezwa na majani kwa mwanga wa jua, maji na hewa, kwa muda wa miezi, na kicheko hakina sukari ya kulipa tunda. Kiache kicheko kifungue kilichokwisha kuandaliwa: kichanue chipukizi lililokomaa, kigeuze ua likuelekee, kimwamshe kifauongo aliyejikunja baada ya kuguswa. Unajua kwamba akiguswa, maji huhama katika seli za kwenye maungio ya majani yake, majani yakalala, naye huhitaji dakika kadhaa kuyainua tena. Katika bustani yako, kicheko cha kweli kimwinue mara moja, na kicheko cha kebehi kimfanye ajikunje zaidi.

Vicheko vyenyewe umevichora vyote kwa rangi moja, ilhali havilingani. Kile cha chinichini, cha watoto waliokatazwa kucheka, nadhani kingefaa kuvu na kangaga, vinavyopenda kivuli. Kile cha kuvunja mbavu kiwekwe mbali na mapapai, maana shina lake ni laini na huvunjika. Usiku milango ifungwe, kwa kuwa mimea mingi hupanga kazi zake kwa kufuata mchana na giza, na sitaki mcheshi mmoja aikeshe bustani nzima.

Limebaki jambo moja ambalo hukuligusa kabisa, nalo linanitia wasiwasi kuliko yote. Magugu nayo ni mimea. Ukicheka kwenye mgunda wa nyanya, ndago iliyo chini yake itasikia kicheko kilekile, na vichekesho vyote ulivyojiandalia vitakuwa vimeilea. Je, ndago iwe kiziwi, au tuajiri mtu aliyenuna wa kupalilia? Mimi namuunga mkono huyo aliyenuna, na shangazi yako ameshajitolea. Nipe uamuzi wako kabla hujaipaka rangi ile pembe iliyobaki, ili tujue kibanda chake kitajengwa wapi.

Ni mimi mama yako,
nikupendaye.