Nyota iliyo juu ya Nyiragongo

Mwanangu,

Umeuliza kama ile nyota ya rangi ya chungwa inayoonekana upande wa Nyiragongo jioni imepakwa rangi na moto wa volkano. Nyota hiyo ni Arcturus, na jibu unalo mkononi mwako mwenyewe.

Nyosha mkono mbele mpaka mwisho, kunja ngumi, funga jicho moja. Upana wa ngumi hiyo ni kama digrii 10 za anga. Ukiwa Goma, mlima wote mpaka kileleni haujazi ngumi moja. Sasa pima nyota: mnamo tarehe 10 ya mwezi wa saba, saa moja ya usiku, iko karibu ngumi 7 juu. Wekundu wa kreta unaishia kwenye moshi ulio jirani na mlima. Moshi ukisukumwa na upepo hadi mbele ya nyota, utaizidishia wekundu, lakini utaififisha pia, na nyota zilizo karibu nayo zitabadilika vilevile. Zikibaki nyeupe na yenyewe chungwa, rangi ni yake.

Hakikisha kwanza kwamba ndiyo yenyewe. Tazama kaskazini, kushoto kidogo ya mlima, utafute nyota saba zilizopangika kama sufuria yenye mkono, imepinduliwa mdomo chini. Mkono wake umepinda. Fuata mpindo huo kwenda juu kulia, kama ngumi 3 kutoka nyota ya mwisho: hapo ndipo Arcturus. Mabaharia wa pwani waliichukua kwa Waarabu kwa jina la Simaki. Endeleza mpindo huohuo ngumi 3 nyingine, utafika karibu na utosi wako, kwenye Spica, nyeupe yenye ubluu. Usipoipata Spica, huenda umekamata sayari. Sayari huhama kati ya nyota wiki hadi wiki. Arcturus haihami kwa macho yako, ila kila siku inafika mahali pale dakika 4 mapema.

Zima simu na usubiri dakika 20, maana mwanga mmoja wa kioo unaharibu macho yote uliyoyazoeza giza. Umeme ukikatika mtaani, usilalamike, toka nje. Ukipata darubini, vuruga fokasi yake kidogo kwa makusudi: nukta kali inaonekana nyeupe, lakini ikitanuka kuwa kiduara rangi inajitokeza. Ukitaka picha, egemeza simu kwenye jiwe la lava, weka kamera ipokee mwanga kwa sekunde 4, na kipima muda cha kuchelewesha picha sekunde 3, kwa sababu kidole chako ndicho kinachotikisa.

Sasa rangi inatoka wapi. Uso wa Arcturus una joto la nyuzi 4,000 hivi za Selsiasi, wakati wa Jua letu una 5,500. Unajua makaa ya mbabula, lile jiko letu: yakipulizwa vizuri yanang'aa karibu na njano, yakipoa yanakuwa chungwa, kisha mekundu. Mpaka hapo mfano unafaa. Usiufuate zaidi, kwa sababu kaa linalopoa linaisha, na hii nyota imevimba. Uzito wake ni kama wa Jua, ila imezeeka: hidrojeni ya kitovuni imekwisha. Kitovu kilipokosa moto wa kukishikilia kilijibana, kikazidi joto, na hidrojeni iliyokizunguka ikaanza kuwaka kwa nguvu. Tabaka za nje zikasukumwa mbali, zikatanuka, zikapoa. Leo upana wake ni mara 25 wa Jua. Kila kipande cha uso wake kinatoa mwanga mdogo kuliko cha Jua, lakini uso ni mkubwa mno, ndiyo maana jumla inapita Jua mara 170 au zaidi.

Geuka sasa utazame ziwa, bila kuondoka uliposimama. Juu ya Kivu, ngumi 3 kutoka majini, kuna nyota mbili kali zilizo jirani. Ya kushoto ni Alpha Centauri. Kwa kweli ni nyota zaidi ya moja, na iliyo kubwa kati yao inafanana sana na Jua. Upande wa ziwa unaona Jua lilivyo. Upande wa mlima unaona litakavyokuwa baada ya miaka bilioni 5 hivi. Halitalipuka, wala Arcturus haitalipuka. Uzito wao hautoshi. Watamwaga tabaka za nje, kitabaki kiini kidogo cheupe.

Nuru unayoiona imesafiri miaka 37 hivi. Mwaka 1933 huko Chicago waliitumia kuwasha taa za maonyesho makubwa. Walidhani ni miaka 40, hawakukosea sana. Na Edmond Halley, mwanaastronomia Mwingereza, mwaka 1718, ndiye aliyegundua kwamba imehama kutoka pale Wagiriki walipoiandika. Kuhama upana wa Mwezi mpevu kunaichukua karibu miaka 800.

Mwezi wa tisa utaitafuta magharibi, chini. Huko itameta nyekundu na kijani kwa sababu ya unene wa hewa, basi rangi yake usiiamini. Katikati ya mwezi wa kumi mwanga wa Jua utaimeza. Mwezi wa kumi na mbili amka kabla ya alfajiri, utazame kaskazini-mashariki.

Baba yako