Rejesho halijapanda, miaka ndiyo imepanda: barua ya malalamiko kwa benki iliyonipa mkopo wa nyumba

Meneja,
Kitengo cha Mikopo ya Nyumba,
Benki (jina nimeliondoa).

Ndugu Meneja,

YAH: KUREFUSHWA KWA MUDA WA MKOPO WANGU WA NYUMBA BILA RIDHAA YANGU, NA MALIPO YA ZIADA YASIYOPUNGUZA DENI

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Mimi ni mteja wenu wa mkopo wa nyumba wa miaka 25, na nimemaliza miaka mitano ya kwanza bila kuchelewesha rejesho hata moja. Mwanzoni mwa mwaka wa sita nilipokea ujumbe mfupi kutoka kwenu: "Ndugu mteja, riba ya mkopo wako imebadilika kutoka asilimia 12 kuwa asilimia 13. Rejesho lako la kila mwezi HALITABADILIKA. Asante kwa kuendelea kuwa nasi." Herufi kubwa ni zenu. Mtu yeyote akiusoma ujumbe huo ataelewa kwamba riba imepanda lakini benki imeamua kumeza nyongeza hiyo yenyewe. Nadhani ndivyo ulivyokusudiwa kueleweka.

Niliomba taarifa kamili ya mkopo. Ukurasa wa mwisho, chini kabisa, kuna kisanduku kidogo cha "Tarehe ya kumaliza", na tarehe iliyomo siyo ile tuliyoitia saini kwenye mkataba. Imesogezwa mbele karibu miaka 12. Hakuna aliyeniuliza, na ujumbe wenu haukugusia.

Naomba nieleze hesabu yenyewe, kwa sababu afisa wenu wa kaunta aliniambia kwamba "asilimia moja ni kitu kidogo". Ili kila atakayeishika barua hii aweze kufuatilia, nimezishusha hesabu zote kwenye kipimo cha mkopo wa 100,000. Mkopo wangu ni mkubwa zaidi ya hapo, lakini uwiano ni uleule, na mnaweza kuuhakiki kwa kikokotoo chochote cha mikopo.

Mkopo wa 100,000 kwa riba ya asilimia 12 kwa mwaka, inayotozwa kwenye salio linalopungua, kwa miezi 300, una rejesho la 1,053.22 kila mwezi. Mwezi wa kwanza riba peke yake ni 1,000, na kinachopunguza deni la msingi ni 53.22. Ndivyo mikopo ya aina hii inavyofanya kazi na silalamikii hilo: riba inatozwa kwenye salio, salio mwanzoni ni kubwa, basi riba inachukua karibu rejesho zima. Baada ya miaka mitano nimelipa jumla ya 63,193, na deni limeshuka kwa 4,347 tu. Nikiendelea hivyo hivyo, nusu ya deni la msingi itakuwa imelipika katikati ya mwaka wa 20. Inauma kuisoma, lakini ni hesabu halali.

Sasa tazameni kilichotokea riba ilipopanda. Salio lilikuwa 95,653. Kwa asilimia 13, riba ya mwezi mmoja kwenye salio hilo ni 1,036.24. Rejesho mmeliacha palepale kwenye 1,053.22. Kinachobaki kupunguza deni ni 16.98. Kwenye taarifa yangu safu ya "deni la msingi" inasomeka 95.73 kwa mwezi wa 60, kisha mstari unaofuata 16.98. Mistari miwili iliyopangana, na inatosha kueleza kila kitu. Kwa mwendo huo, deni lililobakiza miezi 240 sasa linahitaji miezi 383. Hiyo miezi 143 ya nyongeza, kila mmoja ukiwa na rejesho lake, ni zaidi ya 150,000 juu ya yale niliyokubali kulipa. Yaani nyongeza peke yake imeuzidi mkopo wote niliochukua.

Riba ingefika asilimia 14, rejesho lile lile lisingetosha hata kulipa riba ya mwezi, na deni lingeanza kukua huku nalipa. Sijui kama mfumo wenu una kengele yoyote ya kumshtua mtu hapo, au ungeendelea kutuma ujumbe wa kuniambia rejesho halijabadilika.

Njia ya pili ilikuwepo, nayo ndiyo ningeichagua kama mngeniuliza. Kuacha muda wa miezi 240 kama ulivyo na kupandisha rejesho kulingana na riba mpya kungenifikisha 1,120.65 kwa mwezi. Ni nyongeza ya 67.43. Kwa miezi yote 240 nyongeza hiyo inafika takriban 16,200. Kwa hiyo mlikuwa na mezani gharama mbili, moja ya 16,200 na nyingine ya 150,000, mkanichagulia ile ya 150,000, kisha mkaitangaza kwa herufi kubwa kama habari njema.

Mkataba wetu, kifungu cha riba inayobadilika, unasema benki "inaweza kurekebisha rejesho au muda". Nimeusoma. Lakini mkataba huohuo, kurasa chache mbele, unasema mkopo lazima uwe umekwisha kabla mkopaji hajafika umri wa kustaafu, na ndiyo maana mlinikatalia muda mrefu zaidi nilipoomba mkopo. Tarehe mpya inapita umri huo kwa miaka kadhaa. Bima ya maisha ya mkopaji, ambayo mliifanya ya lazima, nayo inaishia mwezi wa 300. Nikifariki katika miaka hiyo mliyoiongeza, familia yangu itarithi deni lisilo na bima, na nyumba ikiwa bado rehani. Naomba mnieleze ni nani aliyeidhinisha muda unaovunja masharti yenu wenyewe, au kama ni kompyuta tu iliyosogeza tarehe.

Jambo la pili linahusu malipo yangu ya ziada. Mwezi wa mwisho wa mwaka wa tano, kabla riba haijapanda, niliweka 5,000 kwenye akaunti ya mkopo, na fomu niliyojaza imeandikwa wazi: "kupunguza deni la msingi". Nina nakala yenye muhuri wenu. Mkataba unaruhusu malipo ya namna hiyo baada ya miaka mitatu bila adhabu ya kulipa mapema. Mpaka leo fedha hiyo imeandikwa "malipo ya awali", imekaa pembeni, haijapunguza salio wala riba hata senti moja. Nilipouliza niliambiwa mfumo unapokea ziada kama rejesho la miezi ijayo, basi. Dawa ya deni ni kulipa, wanasema. Mimi dawa nimeileta, ninyi mkaifungia kabatini.

Na si dawa ndogo. Kama 5,000 hiyo ingeingia kwenye deni la msingi siku ilipopokelewa, salio lingeshuka hadi 90,653. Kwa riba ya zamani ya asilimia 12, ingeniondolea karibu miezi 42 ya marejesho mwishoni mwa mkopo, takriban 44,000. Kwa riba mpya ya asilimia 13, na rejesho lile lile la 1,053.22, muda uliobaki ungekuwa miezi 250 badala ya 383. Rudieni sentensi hiyo kama mnaitilia shaka; mimi mwenyewe niliirudia kwenye kikokotoo. Salio lilikuwa limesimama ukingoni, mahali ambapo rejesho karibu lote linamezwa na riba, na pale ukingoni kiasi kidogo kinachopunguza deni hubadilisha miaka mingi. Benki inalijua hili kuliko mteja yeyote. Ndiyo maana siwezi kulichukulia suala la "mfumo" kama kosa dogo la uandishi.

Naomba pia niguse jinsi mkopo huu ulivyouzwa, ingawa sehemu hiyo siwezi tena kuirudisha nyuma. Karatasi ya ulinganisho niliyopewa na afisa mikopo ilikuwa na safu moja tu ya fedha: rejesho la mwezi. Miaka 25, 1,053. Miaka 20, 1,101. Miaka 15, 1,200. Chaguo la miaka 25 lilikuwa limezungushiwa kalamu, pembeni pameandikwa "nafuu". Jumla hazikuwepo. Nimezikokotoa mwenyewe: miaka 25 ni 315,967, miaka 20 ni 264,261, miaka 15 ni 216,030. Tofauti kati ya mstari wa kwanza na wa pili ni rejesho la 48 kwa mwezi, na mwisho wa safari ni 51,700. Nafuu ya nani? Safu moja zaidi kwenye karatasi ile isingewagharimu chochote.

Ndani ya 100,000 hiyo pia kuna 3,000 ambayo haikunifikia mkononi: ada ya kushughulikia mkopo na malipo ya bima, ambayo mliyaingiza kwenye mkopo. Niliomba kuyalipa taslimu nikaambiwa haiwezekani. Ada inayoingizwa kwenye mkopo inatozwa riba miaka yote 25, kwa hiyo 3,000 hiyo hata kwa riba ya zamani inarudi kwenu ikiwa karibu 9,480. Uthamini wa nyumba, wakili na ushuru wa stempu nililipa mwenyewe pembeni, na hayo siyadai.

Afisa wenu mmoja, kijana mwenye heshima na ambaye simlaumu, alinijibu kwamba thamani ya fedha hushuka, na rejesho la leo litaonekana dogo miaka 20 ijayo. Ni kweli kwa mkopo wenye riba isiyobadilika. Kwa riba inayobadilika hoja hiyo haisimami vizuri, kwa sababu bei zinapopanda kwa kasi viwango vya riba navyo kwa kawaida hupandishwa, na ninyi mnayo haki ya kuvifuata. Kinga ya kushuka kwa thamani ya fedha iko upande wenu wa mkataba. Mshahara wangu hauna kifungu kama hicho.

Wala siombi kitu kigeni. Marekani ilipitisha mwaka 1968 sheria inayomlazimu mkopeshaji kumtajia mkopaji kiwango kimoja cha mwaka kinachojumuisha riba pamoja na ada. Nchi za Umoja wa Ulaya, kwa agizo la mwaka 2014 kuhusu mikopo ya nyumba, zinamtaka mkopeshaji atoe fomu ya mfano mmoja kabla ya kusaini, yenye jumla ya fedha zitakazolipwa. Mabenki ya huko hayajafungwa kwa sababu wateja wao wanaijua jumla.

Ninachodai ni hiki. Ile 5,000 ihamishiwe kwenye deni la msingi kuanzia tarehe ya muhuri wenu, siyo kuanzia siku mtakapoijibu barua hii, na riba iliyotozwa kwa ziada tangu siku hiyo irejeshwe kwenye salio. Tarehe ya kumaliza mkopo irudishwe ile ya kwenye mkataba. Rejesho jipya likokotolewe juu ya msingi huo. Kwa hesabu yangu, salio la 90,653 kwa asilimia 13 kwa miezi 240 lina rejesho la 1,062.07. Ni nyongeza ya 8.85 kwa mwezi kuliko ninavyolipa sasa, na niko tayari kuilipa kuanzia mwezi ujao. Kama hesabu yenu inatofautiana na yangu kwa sababu ya tarehe au siku za riba, nionyesheni mstari kwa mstari.

Zaidi ya hapo, kila riba itakapobadilika naomba nipewe chaguo kwa maandishi kabla ya mabadiliko kuanza: rejesho likipanda litakuwa kiasi gani, muda ukirefuka utafika mwezi gani, na jumla ya kila njia. Namba tatu tu. Mfumo unaoweza kusogeza tarehe kwa miaka 12 bila kuambiwa hauwezi kushindwa kuchapisha namba tatu.

Nimeambatanisha nakala ya fomu ya malipo ya ziada yenye muhuri, kurasa mbili za taarifa ya mkopo na karatasi ya ulinganisho yenye maandishi ya afisa wenu. Naomba majibu ndani ya siku 14, yakiwa na jedwali jipya la marejesho. Yasipofika, vielelezo hivyo pamoja na barua hii nitavipeleka kwa mamlaka inayosimamia mabenki.

Wako,

Mteja wa mkopo wa nyumba

Nakala: Kitengo cha Malalamiko ya Wateja