Barua kwa Mwanaidi: Usimtoe Salha kwenye kasida

Üsküdar, Istanbul
9 Februari

Shoga yangu Mwanaidi,

Assalaam alaykum. Natumai u mzima, goti la mama limepata nafuu, na Bi Tatu amepatana na jirani yake juu ya yule jogoo. Mimi mzima, ila baridi ya huku imeniingia mpaka kwenye mifupa. Nimeandika kwa mkono kwa sababu Kassim anasafiri Jumatano na amekubali kubeba bahasha. Halafu jambo lenyewe nikilisema kwenye simu nitalia, nawe utalia, na hatutakuwa tumesemezana kitu.

Ni habari ya binti yako Salha. Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Kwamba tangu baada ya Idi maneno yanamkwama, kwamba alisimamishwa kusoma mbele ya darasa na wenziwe wakacheka, kwamba sasa akitaka maji anaonyesha kikombe kwa kidole kuliko kusema. Yote hayo yameniuma. Lakini ulipofika mwisho ukasema, tena kwa haraka kama mtu anayepita karibu na kaburi, "nimemtoa kwenye kasida, asije akaaibika mbele za watu," hapo niliweka simu chini, Mwanaidi.

Usimtoe kwenye kasida. Nakuomba. Kama barua hii utaiacha katikati kwa sababu ya maandishi yangu, basi hilo moja liwe umelisoma.

Sasa nikueleze kwa nini nimelishikilia. Mama mwenye nyumba wangu hapa namwita teyze, ndivyo Waturuki wanavyomwita mwanamke mkubwa kwa heshima, na maana yake hasa ni mama mdogo, dada wa mama. Jana jioni nimerudi chuoni nikamkuta amezima taa ya sebuleni, redio iko wazi, chai imepoa kwenye gilasi, na anafuta macho. Nikadhani kuna msiba. Akaniashiria nikae. Redioni alikuwa anaimba mwanamke, sauti pana, nzito kidogo, inakwenda na ala za kanuni na udi taratibu mpaka ungesema ni wazee wetu wamekaa barazani. Wimbo ulipokwisha teyze akasema: leo ndiyo siku aliyofariki Müzeyyen Senar, huyo anayeimba.

Alifariki tarehe 8 Februari 2015, hapo Izmir, ana miaka 96. Teyze anamlilia kama aliyezikwa juzi. Jina Müzeyyen limetoka kwenye Kiarabu, aliyepambwa. Ni ukoo mmoja na akina Zena wetu. Waturuki wengi humwita diva wa Jamhuri, maana alikua pamoja na hiyo Jamhuri yao: yeye kazaliwa 1918, yenyewe ikatangazwa 1923. Kazaliwa kijijini, Gököz, milimani huko Keles, mkoa wa Bursa.

Na sasa sikiliza lililonifanya nishike kalamu. Alipokuwa na umri wa miaka kama mitano, alipatwa na kigugumizi. Ghafla tu, kama Salha. Mtoto aliyekuwa akisema vizuri, ulimi ukafunga. Mama yake alikuwa na sauti nzuri na alikuwa akiimba nyumbani, mtoto naye akawa anafuata. Na kila alipoimba, Mwanaidi, hakukwama. Akitaka kuomba mkate anakwama, akiimba wimbo mzima kuanzia mwanzo mpaka mwisho hakuna neno lililomshinda. Akakimbilia huko. Kuimba ndiko kukawa kusema kwake.

Nilimwomba teyze arudie. Akarudia. Nikamwuliza, watu hawakumcheka? Akanitazama, akasema watu hucheka daima, ila mama yake hakumnyamazisha.

Si yeye peke yake. Watu wa matibabu ya matamshi wanalijua jambo hili siku nyingi: wengi wenye kigugumizi huimba bila kukwama. Maneno ya wimbo unayajua tayari, mapigo yanakushika mkono, pumzi unaivuta kwa mpango, na sauti unaiburuta badala ya kuirusha. Sisemi kasida ni dawa. Akimaliza kuimba anaweza kukwama vilevile akiomba uji, na usije ukamwambia "mbona ukiimba unaweza." Ninachosema ni kwamba kuna mahali pamoja duniani ambapo binti yako anajisikia ulimi wake ni wake, na hapo ndipo ulipomtoa.

Nisamehe nikisema kwa ukali. Nakupenda, na yeye nampenda.

Wacha nikumalizie habari za huyu bibi, kwa kuwa usiku kucha teyze hakuniachia. Binti alifika Istanbul, na mwaka 1931, ana miaka 13, akaingia chama cha muziki hukuhuku Üsküdar ninakokaa mimi. Kila asubuhi nikienda kupanda kivuko sasa nawaza huenda alipita njia hii na madaftari yake. Walimu wake walikuwa Kemal Niyazi Seyhun, fundi wa kemençe, kile kifidla kidogo kinachosimamishwa juu ya goti, na bibi mmoja mpiga udi aliyeitwa Hayriye Hanım. Walimfundisha vile walivyofundishwa wao, mdomo kwa sikio, mwalimu anaimba kipande na mwanafunzi anakirudisha. Si ndivyo tulivyofundishwa sisi? Unakumbuka fimbo ya mkaratusi ikigonga meza? Watunzi wakubwa wakaja kumsikiliza, akina Sadettin Kaynak na Selahattin Pınar, wakampa nyimbo zao aziimbe. Kijana wa miaka hiyo!

Halafu ona mambo ya dunia. Mwaka 1934 serikali yao ikaupiga marufuku muziki huohuo redioni. Walitaka watu wasikilize muziki wa Kizungu, wakasema ule wa zamani ni wa enzi ya masultani. Karibu miezi 20 redio haikupiga hata wimbo mmoja wa namna yake. Mtoto wa watu ndiyo kwanza anaanza, na mlango mkubwa umefungwa usoni. Lakini watu walikuwa wakienda kwenye gazino, ndizo kumbi zao za chakula na muziki, na huko aliimba. Na Atatürk mwenyewe, rais aliyeitaka nchi isikilize ala za Kizungu, alimwita aimbe mbele yake, na binti hajafika hata miaka 20. Mimi jambo hili nalifikiria sana. Mkubwa yule redioni hautaki muziki, mezani kwake anautaka.

Redio ya Ankara ilipofunguliwa upya 1938 alikuwa miongoni mwa sauti zake za mwanzo. Nchi nzima ikamjua. Mtoto aliyeshindwa kuomba mkate, akawa anaingia kila nyumba yenye redio.

Aliigiza pia. Mwaka 1942 alitokea kwenye filamu ya Kerem ile Aslı, hadithi yao ya kale ya wapendanao, Kerem Mwislamu na Aslı binti wa kasisi wa Kiarmenia, mwisho wake moto. Lakini filamu kwake ilikuwa kama chumba cha wageni, nyumba yenyewe ilikuwa wimbo. Teyze akanieleza jambo jingine lililonifurahisha: miaka hiyo sinema za Misri zilijaa Uturuki, watu wanazililia foleni, na wakubwa hawakutaka nyimbo za Kiarabu zisikike, basi Sadettin Kaynak akawa anatunga nyimbo za Kituruki za kuwekwa humo mahali pa zile za asili. Nikamwambia, teyze, sinema hizohizo za Misri bibi zangu walizililia pwani ya kwetu, na watu wa taarabu walichukua sauti za nyimbo zilizomo wakazitilia maneno ya Kiswahili! Akacheka mpaka akakohoa. Tukakaa kimya kidogo, tukamsikiliza tena.

Wimbo aliojulikana nao zaidi Müzeyyen unaitwa "Benzemez kimse sana", yaani hakuna afananaye nawe. Nautafuta nikutumie. Sikufichi, bibi huyu hakuwa mtu wa msikitini, kinywaji chake alikinywa mbele ya watu na hilo mimi silisifu. Lakini sauti ile aliilinda kama amana. Mwaka 1983 akaliaga jukwaa la gazino, watu wakadhani basi. Mwaka 1998, ana miaka 80, akaingia studio na vijana wakaimba naye nyimbo zake za zamani, na huo wa "Benzemez" akauimba pamoja na Tarkan. Ndiyo, Tarkan yuleyule wa wimbo wa mabusu tuliokatazwa kuuimba dukani kwa mzee Hemedi! Mwaka huohuo serikali ikampa cheo cha Msanii wa Taifa. Mwaka 2006 akapatwa na kiharusi, na miaka iliyobaki akaishi kimya, akitunzwa na wanawe. Wakamzika Istanbul, makaburi ya Zincirlikuyu.

Nilipopanda kulala nikakumbuka Salha mwaka juzi, ile kanzu ya kijani aliyoshonewa na mama Rukia, mikono imempita vidole. Anapiga dufu kidogo nje ya mapigo na haoni haya kabisa. Na wewe umekaa safu ya pili, midomo yako inaimba pamoja naye bila sauti. Nilikuona, Mwanaidi. Ulikuwa na uso ambao sijauona tena tangu baba yake... basi, hayo tuyaache.

Nimemwuliza pia yule rafiki yangu anayesomea tiba ya matamshi. Anasema watoto wengi wanaoanza hivi wadogo huacha wenyewe, lakini ikiendelea miezi apelekwe kwa mtaalamu, wasiseme tu atakua. Anasema msimmalizie neno. Msimwambie "sema polepole" wala "vuta pumzi." Mwangalie machoni, ngoja, mpaka neno lake lifike, ujibu alichosema na si namna alivyokisema. Na mkanye Omari asimwigize, hata kwa mchezo. Na huyo mwalimu wa darasani nenda ukaonane naye mwenyewe, uso kwa uso, umwombe asimsimamishe kwa sasa. Ukiona haya nenda na Bi Tatu, huyo haoni haya kwa mtu.

Ndani ya bahasha kuna lokumu, zile tamutamu za Waturuki, za pistachio, za mama zisizokuwa na sukari sikuzipata, mwambie anisamehe. Kuna na kitambaa cha Salha cha kichwa, kina nyota ndogondogo. Mwambie ni cha kuvaa siku ya kasida.

Sasa nijibu. Ustadhi anasemaje, atampokea tena kabla Ramadhani haijaingia? Ulimwuliza Salha mwenyewe kama anataka kutoka, au uliamua wewe kwa hofu? Nyumbani anaimba bado, bafuni, akichota maji, akimlaza mdogo wake? Kuna wakati kigugumizi kinapungua, asubuhi au akiwa na bibi yake? Kwenu kuna aliyewahi kuwa nacho, maana huwa kinakwenda kwenye ukoo? Na wewe unalala? Unakula? Nani anakusaidia dukani tangu Zainabu aondoke?

Nirekodie Salha akiimba. Hata ubeti mmoja, hata kwa kumvizia mlangoni. Teyze ameniambia nisimwonyeshe uso wangu mpaka nimletee.

Wako akupendaye,
Zuhura

Nimesahau: mwambie mama chumvi na maji ya uvuguvugu kwenye goti, jioni.